Kofia Yangu Iko Mahakamani

Mpendwa mshauri, naomba msaada wako, na kabla sijakueleza shida yangu ujue kwamba anayekuandikia ni mtu safi, mtu ambaye tangu azaliwe hajakanyaga kituo cha polisi hata kwa kupotea njia.

Haya, hilo nimelisema ili barua ianze vizuri. Ukweli ni kwamba kituo cha polisi nimekikanyaga kuliko baadhi ya askari waliomo, maana mimi ni fundi viatu na kibanda changu kinatazamana na lango lao, na buti zao zote zimepita mikononi mwangu, namjua nani anaelemea kisigino cha kushoto na nani hana soksi ila ana saa kubwa. Tena mimi huingia kwa kuitwa, sijaburutwa hata siku moja, na kinachoniingiza ni kitu wanachokiita gwaride la utambulisho. Usidhani ni lile la tarumbeta na saluti. Ni hivi, mtu akiibiwa na polisi wakamkamata wanayemshuku, hawamsimamishi peke yake na kumwuliza aliyeibiwa kama ndiye huyu, wanampanga katikati ya watu wengine wasio na habari, wote wanabanana ukutani kama nguo zilizoanikwa, halafu aliyeibiwa anaingia, anatazama sura moja moja, na anamgusa bega yule aliyemwona. Sasa hao wasio na habari wanatoka wapi? Wanatoka barabarani. Anachukuliwa kinyozi, anachukuliwa mwenye mkokoteni, na mimi nachukuliwa kwa sababu niko karibu na sina wateja wa kuwakimbilia. Sheria inataka tufanane na mshukiwa, lakini sheria haijawahi kutoka nje kutafuta watu jua likiwa kali. Nimesimama ukutani pale na wezi wa kuku, na wezi wa pikipiki, na bwana mmoja aliyejifanya daktari wa meno akang'oa mazima, na hakuna aliyewahi kunigusa bega. Mke wangu anasema ni kwa sababu sifanani hata na mwizi aliyestaafu.

Sasa sikiliza, mwanangu, na usinikatize. Mama mkwe wa binti yangu, ambaye mimi namwita mkwe na yeye ananiita mkwe, ni fundi cherehani, na jioni moja akiwa anafunga duka lake aliingia mtu, akamsukuma, mama wa watu akaangukia mkono ukavunjika, na yule mtu akaondoka na cherehani yake ndogo ya umeme, ile aliyoinunua kwa kushona sare za shule mpaka macho yakamtoka maji. Taa ya pale ni ya kubahatisha. Alichowaambia polisi ni kwamba alimwona kijana mwembamba, amevuta kofia ya kufuma mpaka kwenye nyusi. Basi. Kofia ya rangi gani hakusema, maana hakuona.

Mtaani kwetu likisemwa neno mwizi, miguu ya watu inaelekea yenyewe nyumbani kwa kijana mmoja tunayemwita Betri. Aliitwa hivyo kwa kupenda betri za magari ya wenzake. Hata mimi brashi yangu ya kiwi ya zamani alikwenda nayo, na nikimwuliza ananiambia babu, kwa umri huo bado unapiga kiwi ya nini. Watu walimkamata, wakampiga, wakampasua kichwa juu ya paji la uso, ndipo polisi wakaja kumchukua. Cherehani hakukutwa nayo. Kofia pia hakukutwa nayo. Alikuwa na bandeji tu.

Siku ya gwaride niliitwa kama kawaida, nikavuka barabara, nikaingia ua wa nyuma. Sajini aliyekuwa akisimamia ni mtu mwema, na huo wema wake ndio ulioniletea balaa hili. Aliponiona akasema hapana mzee, leo hufai, mama aliyeibiwa ni mkwe wako, atakutambua wewe badala ya mwizi, kaa pale kwenye benchi. Nikaona hiyo ni haki. Akamtazama Betri, akaona bandeji inang'aa kichwani kuliko taa ya trafiki, akasema hii nayo si haki, mama akiona mtu aliyepigwa atajua moja kwa moja ni huyu, lazima tumfunike. Nikaona hiyo nayo ni haki. Akatazama huku na huku, hakuna mwenye kofia ila mimi.

"Mzee," akaniambia, "wewe leo hutufai, lakini kofia yako inatufaa."

Nikaivua nikampa, na niliona fahari kidogo. Akamvika Betri, akaivuta mpaka kwenye nyusi ili bandeji isionekane. Hakuna aliyewaza, si sajini, si kinyozi, si mwenye mkokoteni, na mimi mwenye kofia ndiyo kabisa, kwamba sasa katika mstari mzima mwenye kofia ya kufuma ni mmoja tu, na mkwe wangu anakuja kumtafuta mtu mwenye kofia ya kufuma. Mkwe akaingia na mkono wake kwenye plasta, na hata sura ya kwanza hakuimaliza, akaenda moja kwa moja kama mtu aliyeona basi lake, akamgusa Betri bega.

Utauliza mbona hakuijua kofia ya mkwe mwenzake. Hajawahi kuiona, mshauri. Mimi nikimkaribia mkwe huivua kofia na kuitia mfukoni kabla sijapiga hodi. Heshima yangu yeye aliijua, kofia yangu hakuijua.

Nilipotaka nirudishiwe, sajini akasema jeraha la kijana bado linavuja, njoo uichukue kesho. Kesho yake nikashikwa na homa, na nilipopona sajini alikuwa amehamishiwa mbali na kesi amepewa mpelelezi mpya, kijana mwenye viatu vya ncha kali ambaye hajui kitu cha ua wa nyuma. Alichokuta yeye ni mshtakiwa amefungiwa na kofia, na shahidi anayesema mwizi alivaa kofia. Ungekuwa wewe ungefanyaje? Akaitia kwenye mfuko wa plastiki, akaibandika namba. Nilipoulizia kaunta, askari akaniambia kofia ya Betri ni kielelezo sasa, ni mali ya kesi. Nikamwambia ni yangu. Akaniambia mzee, mambo ya kujisingizia kofia za wezi yatakufikisha pabaya. Nikarudi kushona soli.

Nikampigia sajini simu. Alicheka mpaka akakohoa, akasema kofia yangu imepanda cheo kumshinda yeye. Alipomaliza kukohoa akasema mzee, yule kijana ni mwizi, hata kama hakuiba hiki aliiba kile, usijisumbue. Na mimi, mshauri, nilipokata simu niliona amesema kweli. Nilipofika kitandani nikaona hajasema kweli. Asubuhi nikaona tena amesema kweli. Ndivyo ninavyoishi.

Kesi ilipoanza kusikilizwa tulikwenda ukoo mzima kumsindikiza mkwe. Mwendesha mashtaka akainua mfuko, kofia yangu ikaning'inia mle kama samaki. Binti yangu ndiye aliyenifumia, kwa sufu iliyobaki alipomfumia mwanawe sweta, kijani iliyokolea na mstari wa njano, na mstari wenyewe haukuzunguka kichwa chote, uliishia nyuma ya sikio la kulia kwa sababu sufu ya njano iliisha. Binti yangu alikuwa amekaa pembeni yangu. Nilimsikia akiacha kupumua.

Mkwe akaulizwa kama anaitambua. Akasema, "Ndiyo yenyewe, na huu mstari wake wa njano ninauota." Na sikiliza, mshauri, hakuwa anadanganya. Mimi namjua yule mama, ana mikasi mikali na ulimi mkali ila uongo hana. Mstari aliuona kwenye gwaride, ukamwingia kichwani, ukarudi nyuma peke yake mpaka jioni ile ya duka.

Betri hana wakili. Alipopewa nafasi akasema, "Mheshimiwa, hiyo kofia si yangu, nilivalishwa na polisi."

Chumba chote kikacheka. Na mimi nikacheka. Sijui kwa nini, kicheko kilinitoka tu kama chafya, nimezoea kucheka Betri akisema kitu. Akageuka akanitazama. Hakuniita wala hakuninyooshea kidole, aligusa tu paji la uso wake pale kofia ilipokuwa, akarudisha macho kwa hakimu. Tangu siku hiyo chakula sikijui ladha, na kichwa kina baridi ndani na nje.

Nyumbani sipati msaada. Mke wangu anasema atanunua kofia nyingine, kana kwamba shida ni masikio. Binti yangu analia, anasema, "Baba, ukisimama kumwumbua mama mkwe mbele ya hakimu, mimi nitarudi nyumba ipi?" Na mimi mwenyewe nikikaa kuwaza najifunga mafundo. Kama Betri ndiye aliyeiba, basi kofia yangu imesema uongo ikafika kwenye kweli, na nikimtoa nitakuwa nimemkosea mkwe mkono wake. Kama siye, basi mimi nimekopesha kofia mtu akafungwe nayo. Nami sijui kama ndiye au siye, wallahi sijui. Na kuna fundo lingine linalonitoa jasho, mkwe ameapa kwamba mwenye kofia hii ndiye aliyemvunja mkono, sasa nikisimama nikasema mwenye kofia ni mimi, si nitakuwa nimejipeleka? Nimefika mahali naanza kujiuliza mwenyewe jioni ile nilikuwa wapi.

Safu yako naisoma kwenye magazeti ninayofungia viatu vya watu, na nimeona unavyowanyoosha wanaume wenye vimada, basi na mimi ninyooshe. Hakimu anakaa tena wiki ijayo. Je, ukweli ni haki ya mwizi pia? Na kama ni haki yake, lazima nimpelekee mimi?

Ni mimi,
Kichwa Wazi

Mshauri anajibu

Mzee wangu Kichwa Wazi, shikamoo. Sasa baada ya shikamoo, niruhusu nikugombeze, kwa sababu umeniomba na kwa sababu unastahili.

Barua yako imenichekesha, kisha nikajiona mbaya kwa kucheka, na nadhani hivyo ndivyo ulivyojisikia pale mahakamani. Pole. Lakini kijana alisema neno la kweli, pengine la kwanza maishani mwake, na ndani ya chumba kile waliojua ni la kweli mlikuwa wewe na binti yako. Mmoja alilia kimoyomoyo na mwingine alicheka. Hilo usilipitishe haraka.

Umechanganya maswali mawili ukayapika sufuria moja. Swali la kwanza ni kama Betri aliiba cherehani. Hilo hukuulizwa wewe, babu, na hulijui, umeapa mwenyewe kwamba hulijui, basi liache kwa hakimu ambaye analipwa kwa kulijua. Swali la pili ni kofia hii ni ya nani. Hilo hakimu hawezi kulijua hata akikesha na vitabu vyake, bila wewe. Ulivyofanya ni kulikwepa la pili, dogo, jepesi, la kwako, kwa kujificha nyuma ya la kwanza. Sajini wako naye anafanya hivyo hivyo, ila yeye ana sare. Mtu hafungwi kwa brashi yako ya kiwi ukaandikwa wizi wa cherehani. Akiiba brashi, ashtakiwe kwa brashi.

Na unayemwonea huruma umemkosea zaidi. Unasema ukisema kweli utamdhulumu mkwe mkono wake. Mkwe wako hakuvunjwa mkono na kofia, alivunjwa na mtu, na kama mtu huyo siye Betri, basi wakati ninyi mnamsindikiza mahakamani ukoo mzima, yeye amekaa mahali anashona kwa ile cherehani na hakuna anayemtafuta. Umempa mama wa watu mwizi wa kubahatisha, ukasema unamheshimu. Heshima ya kuvua kofia unayo. Sasa tafuta na ile nyingine.

Kuhusu kuogopa kwamba utafungwa wewe, acha mchezo. Aliona kijana mwembamba, na wewe umesema mwenyewe hufanani na mwizi hata aliyestaafu. Kinyozi aliona kofia ikitoka kichwani kwako, mwenye mkokoteni aliona, sajini aliiomba kwa mdomo wake na akiitwa na mahakama atakuja, amehama, hajafa.

Fanya hivi, na usinirudishie "lakini". Leo, ukimaliza kusoma, nenda kwa mkwe wako kabla hujaenda kwa hakimu, ili asiisikie habari hii mara ya kwanza mbele ya watu. Mchukue binti yako na mumewe mwende pamoja. Huyo mume ni mtoto wa yule mama, hawezi kuwa mtu wa mwisho kujua kinachomliza mkewe. Usimwombe mkwe abadilishe neno lolote, na usimfundishe la kusema. Mweleze ua wa nyuma ulivyokuwa, mwonyeshe sufu ya lile sweta la mjukuu, nyamaza. Kesho yake nenda kwa karani wa mahakama, sio kaunta ya polisi, mwambie una ushahidi kuhusu kielelezo na unataka usikilizwe kabla ya hukumu, na uwapeleke kinyozi na mwenye mkokoteni wasije wakapata homa kama yako. Umwulize karani huyo huyo kijana asiye na wakili anapataje msaada wa kisheria. Kisha useme uliyoyaona, uishie hapo. Usiseme Betri ni mwema, wala usiseme ni mbaya. Usichekeshe watu.

Ukitimiza hayo, barua ya kuomba kofia irudishwe nitakuandikia mimi mwenyewe, kwa mashine, na nitaipiga sahihi. Neno langu hilo.

Kichwa Wazi anarudi

Mshauri, nimekwenda.

Kwa mkwe nilifika nikapeleka mkono kichwani nivue, hakukuwa na cha kuvua. Nikaeleza kama ulivyosema, nikanyamaza, na kunyamaza kulinichosha kuliko kueleza. Mjukuu wetu alikuwa miguuni pake na sweta lake. Mkwe akamvuta karibu, akaushika mkono wa sweta kwa vidole vyake vya upande uliopona, akawa anaisugua ile sufu ya njano pale kwenye kifundo, taratibu, kama anapima kitambaa cha mteja. Binti yangu alikuwa ananitazama mimi, na mumewe alikuwa anatazama sakafu. Nilitegemea anifukuze.

Akasema, "Basi mimi nilimwona nani?"

Jibu la hilo wewe hukuniandikia. Mpaka leo anauliza, anashona kwa mkono mmoja kwenye cherehani ya kuazima, anasimama, anauliza ukuta. Hajanifukuza wala hajanikaribisha chai. Binti yangu yuko nyumbani kwake, mumewe hajasema neno baya, ila anatembea ndani ya nyumba kama mtu anayetafuta ufunguo.

Mahakamani nilisema niliyoyaona. Nilichekesha mara moja tu, kwa bahati mbaya. Hakimu hakucheka. Alimwuliza kinyozi, akamwuliza mwenye mkokoteni, akaandika muda mrefu sana, akamtazama yule mpelelezi wa viatu vya ncha mpaka mimi nikamwonea huruma, akasema sajini aitwe. Mkwe alisimama mwenyewe bila kuitwa, akasema mheshimiwa, kofia naijua, mtu simjui tena. Betri ametoka kwa dhamana mpaka sajini aje. Alipita kibandani kwangu, akasimama, akasema, "Babu, asante kwa kofia," nami mpaka sasa sijui alikuwa ananishukuru au ananisuta.

Siku iliyofuata brashi yangu mpya ya kiwi haionekani. Sisemi ni yeye. Sikumwona.

Sasa lile neno lako. Kofia ilikuwa kielelezo cha upande mmoja, sasa pande zote mbili zinaitaka, karani anasema haitatoka leo wala kesho, na mvua ndiyo hiyo inaanza. Wewe ulinituma kichwa wazi, mimi nimekwenda kichwa wazi. Niandikie ile barua, kwa mashine kama ulivyosema, na usisahau kutaja kwamba mstari unaishia nyuma ya sikio la kulia, wasije wakanirudishia ya mtu mwingine.